Fundi wa maleba anastahili kiti cha mwongozaji

Julai 2021 filamu iliyopigwa Rwanda iliingia Cannes, katika kitengo cha Quinzaine des Réalisateurs. Mtazamaji asiyejua neno la Kinyarwanda wala la Kirundi angeweza kuifuata kwa kutazama nguo tu. Vitufe vya kibodi vilikuwa vimeshonewa juu ya vitambaa. Waya zilizong'olewa kwenye mashine mbovu zilikuwa zimegeuzwa mapambo ya mwili. Takataka za kompyuta, zile ambazo mataifa tajiri huzitupa na kuzisahau, zilikuwa zimepanda mabegani mwa vijana wa milimani na kuonekana kama mavazi ya kifalme.

Filamu hiyo ni Neptune Frost. Waongozaji wake ni wawili: Anisia Uzeyman, mzaliwa wa Rwanda, na Saul Williams, mshairi na mwanamuziki wa Marekani. Hadithi yake imewekwa Burundi. Matalusa, mchimba koltani aliyempoteza ndugu yake mgodini, anakimbia. Anakutana na Neptune, ambaye si mwanamume wala si mwanamke kamili, na kwa pamoja wanajikuta katika kijiji cha wadukuzi kiitwacho Digitaria. Waigizaji wanaimba na kusema kwa Kinyarwanda, Kirundi, Kiswahili, Kifaransa na Kiingereza. Aliyebuni mavazi, na mandhari pia, ni Cedric Mizero, msanii wa Rwanda aliyejifundisha mwenyewe. Mwaka 2019 Mizero aliiwakilisha nchi yake kwenye maonyesho ya mitindo ya Somerset House, London, na kazi aliyoiita Dreaming My Memory, iliyotokana na maisha ya kijijini.

Tuitazame kwa makini kazi aliyoifanya kwenye filamu ile. Koltani hutoka ardhini mikononi mwa kijana maskini. Inasafiri, inaingia kwenye simu na kompyuta, inatumika, inachoka, inatupwa. Mizero aliichukua ikiwa imeshatupwa na kuirudisha kwenye mwili wa mchimbaji yuleyule. Wimbo haukuhitajika kulieleza hilo, wala hotuba. Safari nzima ya madini, pamoja na dhuluma yake, imo ndani ya vazi moja. Wazo la aina hiyo si pambo la filamu. Ndiyo filamu yenyewe. Mwenye uwezo wa kulibuni na kulitekeleza kwa uzi na waya anajua kuongoza, hata kama jina lake kwenye orodha ya mwisho linakaa chini kabisa, likipita haraka watu wakiwa tayari wanatafuta mlango wa kutokea.

Sinema ya Rwanda bado ni changa, na katika uchanga huo ina nafasi ambayo nchi zenye sinema kongwe zimeshaipoteza. Inaweza kuamua mapema kwamba njia kutoka kwenye maleba kwenda kwenye uongozaji iwe wazi. Kwa sasa njia hiyo ipo kwa bahati, kwa ujasiri wa mtu mmoja mmoja. Haifundishwi, haifadhiliwi na haisemwi. Mwandishi wa makala haya anaona hilo ni hasara, na hasara yenyewe ni kubwa kuliko inavyodhaniwa.

Wengi hudhani kazi ya mbunifu wa maleba ni kuchagua nguo nzuri. Anapopokea mswada, mtu huyu haanzi na kitambaa. Anaanza na kalenda. Anausoma ukurasa kwa ukurasa akihesabu siku za hadithi: tukio la kwanza ni Jumatatu asubuhi, la pili ni usiku uleule, la tatu ni miaka miwili baadaye. Upigaji haufuati mpangilio huo hata kidogo. Kwa sababu ya gharama, matukio yote ya sebule moja hupigwa kwa mkupuo, ya mwanzo wa filamu na ya mwisho wake. Asubuhi mwigizaji anavaa shati jipya. Saa sita analivaa hilohilo likiwa limechakaa kwa miaka miwili ya shida. Jioni linahitajika tena jipya. Asiyeishika hadithi yote kichwani hawezi kuyapanga hayo, na kosa dogo tu, kifungo kilichofungwa hapa na kufunguliwa pale, mtazamaji wa mtaa wa Nyamirambo, Kigali, ataliona na kuguna.

Halafu kuna kuzeesha. Kitambaa kipya mbele ya kamera husema uongo. Hivyo kitaloweshwa kwenye chai kipate rangi ya kufifia, kola itasuguliwa kwa msasa, mifuko itatiwa mawe ilegee kama mifuko ya mtu anayetembea na zana zake kila siku. Nguo ya mkulima haichakai mahali palepale inapochakaa nguo ya karani. Ya kwanza huanza magotini na mabegani, ya pili huanza viwikoni. Ili kulijua hilo lazima uwe umewatazama watu kwa miaka, umejua nani hubeba nini, nani hukaa wapi, nani huinama mara ngapi kwa siku. Huo ni utafiti wa tabia ya binadamu, na ndio mtaji wa kwanza wa mwongozaji yeyote.

Mbunifu huyohuyo hukaa na mpiga picha, maana shati jeupe pe chini ya jua la saa sita hufuta maelezo yote ya picha, na mistari myembamba ya kitambaa huchezacheza kwenye kamera ya kidijitali. Hukaa na fundi wa sauti, kwa sababu nailoni na hariri husugua kipaza sauti kilichofichwa kifuani. Hukaa na mtayarishaji kuhusu fedha: tukio la matope likirudiwa mara nne, nguo safi nne zinatakiwa, na kila moja ina bei. Na kabla ya wote hao, hukaa na mwigizaji. Chumba cha kujaribishia nguo ndicho mahali ambapo mwigizaji huuliza kwa mara ya kwanza, bila aibu, huyu ninayemcheza ni nani. Amekulia wapi? Viatu hivi alinunua mwenyewe au alipewa? Anapendwa na nani? Mara nyingi mwongozaji hupata majibu ya maswali hayo siku kadhaa baadaye, yakiwa yamekwisha kupikwa kule chumbani.

Muda wa hadithi, tabia ya wahusika, mwanga, sauti, bajeti, imani ya waigizaji. Ni idara gani nyingine ya filamu inayogusa yote hayo kwa mara moja? Mpiga picha hagusi yote. Mhariri huja baadaye, kila kitu kimeshapigwa. Ni ya maleba na ya uongozaji tu.

Hollywood iliujua ukweli huu mapema kuliko inavyokiri. Mitchell Leisen alianza kwa kushona: ndiye aliyebuni mavazi ya filamu za Douglas Fairbanks, Robin Hood ya 1922 na The Thief of Bagdad ya 1924. Kufikia miaka ya 1930 alikuwa mwongozaji mkubwa wa studio ya Paramount, na vichekesho vyake, kama Midnight ya 1939, bado vinatazamwa. Vincente Minnelli alianza kwa kupamba madirisha ya duka la Marshall Field's jijini Chicago, akaenda kubuni mavazi ya maonyesho ya jukwaani, kisha akahamia Radio City Music Hall, New York. Filamu yake ya kwanza ndefu, Cabin in the Sky ya 1943, ilikuwa na waigizaji weusi watupu, akiwemo Lena Horne, wakati ambapo jambo hilo lilikuwa nadra mno. Miaka kumi na mitano baadaye filamu yake Gigi ilizoa Oscar tisa.

Joel Schumacher, aliyefariki mwaka 2020, naye alipita njia hiyohiyo. Alipamba madirisha ya maduka, akabuni mavazi ya Sleeper ya Woody Allen mwaka 1973 na Interiors mwaka 1978, na katikati yake akaandika miswada, ikiwemo Car Wash ya 1976. Baadaye akaongoza St. Elmo's Fire, The Lost Boys, A Time to Kill. Filamu zake si zote za kusifiwa, lakini hakuna anayeweza kusema kwamba hakujua mwili wa binadamu unavyosimama mbele ya kamera.

Hata hivyo Marekani yenyewe ilichelewa kumheshimu mshonaji. Tuzo za Oscar zilianza kutolewa mwaka 1929, na ya mavazi ikangoja miaka ishirini, hadi sherehe ya 1949. Ruth Carter, aliyeanza na Spike Lee kwenye School Daze ya 1988, alipata ya kwanza mwaka 2019 kwa Black Panther, akiwa mtu mweusi wa kwanza kuishinda, na mwaka 2023 akapata ya pili kwa Wakanda Forever. Afrika ya kubuniwa iliyoshangiliwa duniani kote ilijengwa kwa sehemu kubwa na mwanamke huyu, kutoka kwenye mablanketi ya Basotho, kofia za Wazulu na mapambo ya Wamaasai. Wengi waliotoka ukumbini wakimsifu mwongozaji Ryan Coogler walikuwa, kwa kweli, wanasifu na kazi ya Carter.

Karibu zaidi na Kigali kuna mfano ambao vijana wa filamu wanapaswa kuusoma kwa makini. Baloji alizaliwa Lubumbashi mwaka 1978, akapelekwa Ubelgiji akiwa mdogo, akajulikana kwanza kama rapa wa kundi la Starflam. Kwa muda mrefu milango ya ufadhili wa filamu haikumfungukia. Hakukaa kuwangoja wenye mafungu. Alitengeneza filamu fupi, ikiwemo Zombies ya 2019, ambamo mavazi ndiyo yanayobeba hadithi: watu wa Kinshasa waliomezwa na simu zao, na mavazi yaliyojengwa kana kwamba mji wenyewe umeota ngozi mpya. Kisha mwaka 2023 akaja na filamu yake ya kwanza ndefu, Augure, iliyopata tuzo ya sauti mpya katika kitengo cha Un Certain Regard huko Cannes na kuteuliwa na Ubelgiji kuiwakilisha kwenye Oscar. Baloji aliiandika, akaiongoza na kushiriki kubuni mavazi yake.

Aliyeiona Augure hawezi kuwasahau watoto wa mtaani wanaotembea kwa kundi wakiwa wamevaa magauni ya waridi. Wavulana wa mitaa migumu, katika nguo ambayo jamii ingesema si yao. Kabla hawajafungua kinywa, mtazamaji ameshajua kwamba wamekataliwa, kwamba wameamua kukataliwa kwao kuwe bendera, na kwamba hawaogopi mtu. Mwongozaji asiyefikiri kwa nguo angelazimika kuandika kurasa tano za mazungumzo ili kufika hapo.

Ndani ya filamu hiyo yumo Eliane Umuhire, mwigizaji wa Rwanda, ambaye pia yumo ndani ya Neptune Frost. Filamu mbili, waongozaji tofauti, na zote mbili zinamtaka mwigizaji yuleyule azungumze kupitia kile alichovalishwa. Kuna namna ya kutengeneza sinema inayokua katika ukanda huu wa Maziwa Makuu, toka Lubumbashi hadi Kigali, na msingi wake ni maleba. Inasikitisha kwamba wakosoaji wetu bado wanaiandika kana kwamba ni suala la muziki na siasa peke yake.

Rwanda ina sababu nyingine ya kuuchukulia uzi kwa uzito, na hii haifanani na ya nchi yoyote.

Katika kanisa la Nyamata, wilaya ya Bugesera, kusini mwa Kigali, nguo za watu waliouawa katika mauaji ya kimbari ya Aprili 1994 zimelazwa juu ya mabenchi walikokuwa wamekaa wakitafuta hifadhi. Mwaka 2023 UNESCO iliiweka Nyamata katika orodha ya urithi wa dunia, pamoja na Murambi, Bisesero na Gisozi. Anayeingia mle hukutana na sweta, sketi, mashati ya watoto. Vitambaa hivyo ni ushahidi. Katika nchi ya namna hii, mtu anayeombwa kutafuta nguo za mwaka 1994 kwa ajili ya filamu hafanyi kazi ya mapambo. Anagusa jambo ambalo jirani yake, mama yake, au yeye mwenyewe analikumbuka kwa rangi na kwa mshono.

Filamu ya kwanza ndefu kuhusu mauaji ya kimbari, 100 Days ya 2001, iliongozwa na Nick Hughes na kutayarishwa na Eric Kabera. Miaka minne baadaye Shooting Dogs ilipigwa ETO Kicukiro, mahali penyewe yalipotokea mambo inayoyasimulia, katika shule ambayo baadaye ikawa chuo cha IPRC Kigali. Miongoni mwa waliofanya kazi nyuma ya kamera walikuwamo manusura, na filamu inamalizika kwa kuwaonyesha, picha zao na kazi walizofanya. Ni heshima ambayo sinema chache duniani zimewapa mafundi wake. Hata hivyo kiti cha uongozaji katika filamu zile kubwa za mwanzo kilikaliwa na wageni, na Wanyarwanda wakabaki katika idara. Walijifunza hapo. Swali ni nani aliyewauliza, baada ya upigaji kwisha, kama wana hadithi zao.

Baadhi walijiuliza wenyewe na kujibu. Joel Karekezi alichukua Étalon d'or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la FESPACO, mwaka 2019 kwa filamu yake kuhusu askari wawili wa Rwanda waliopotea katika msitu wa Kongo mwaka 1998. Katika hadithi kama hiyo sare ni suala la kufa na kupona, maana sare ndiyo inayoamua nani atakupiga risasi. Myriam Uwiragiye Birara aliipeleka Umugeni kwenye kitengo cha Forum cha tamasha la Berlin mwaka 2023. Ni kisa cha mwaka 1997: Eva, msichana aliyetaka kusomea udaktari, anatekwa na kulazimishwa kuolewa, na ndani ya nyumba ile ngeni anapata faraja kwa binamu wa kike wa mwanamume aliyemwoa, ambaye ndugu zake waliangamia miaka mitatu nyuma. Nyumba hiyo inasema kidogo na kuficha mengi. Katika filamu tulivu kama hiyo, kitenge anachojifunga Eva, namna anavyokifunga, na nguo anazozikuta mahali alipoletwa kwa nguvu, ndizo zinazosema kile ambacho wanawake wawili hawathubutu kukisema mbele ya wanaume.

Lakini mbunifu wa Kigali anayetafuta nguo za 1997 atazipata wapi? Hapa siasa za uchumi zinaingia chumba cha kuvalia. Kwa miaka mingi jibu lilikuwa caguwa, mitumba ya sokoni, ambamo mtu mvumilivu angeweza kuchambua marobota na kuibuka na koti la miaka thelathini iliyopita. Mwaka 2016 serikali ilipandisha ushuru wa nguo hizo kutoka senti 20 za dola hadi dola 2.50 kwa kilo, ili kulinda viwanda vya ndani. Marekani ilijibu kwa kusimamisha, Julai 2018, nafuu ya ushuru ya mpango wa AGOA kwa nguo zinazotoka Rwanda. Sera ya kuvaa kilichotengenezwa Rwanda ina mantiki yake, na mafundi wa Kimironko na Nyamirambo wanajua faida waliyoiona. Kwa filamu za kihistoria, hata hivyo, imeziba kisima. Kilichobaki ni nguo za masandukuni, za mama na shangazi, na hizo mtu hakopeshi mgeni zikachovywe kwenye chai na kusuguliwa msasa.

Ndiyo maana Kigali inahitaji ghala la maleba la taifa. Si jambo la anasa. Nguo zinazonunuliwa au kushonwa kwa filamu moja, hasa zile zinazolipiwa na kampuni za nje zinazokuja kupiga picha Rwanda, zibaki nchini kwa mkataba, zisafishwe, ziandikwe tarehe na kipindi, zikodishwe kwa bei ndogo kwa vijana wanaotengeneza filamu fupi. Ofisi ya Filamu ya Rwanda ina uwezo wa kuliweka sharti hilo katika vibali. Gharama yake ni chumba kikavu, mbao za rafu na mtu mmoja mwenye daftari na macho makini. Faida yake ni kwamba mtu huyo mwenye daftari, baada ya miaka mitano, atakuwa anaijua historia ya mavazi ya Rwanda kuliko profesa yeyote, toka mushanana wa harusi za zamani hadi fulana za kampeni. Na mtu anayejua watu walivaa nini, lini na kwa sababu gani, ana hadithi kichwani.

Wapo watakaopinga. Watasema kushona ni kushona na kuongoza ni kuongoza, na kwamba si kila anayejua kupima kiuno anaweza kuwasimamia watu arobaini mvua ikinyesha na fedha zikiisha. Ni kweli. Wabunifu wengi hawataki kuongoza, na wanastahili kuachwa wafanye kazi wanayoipenda kwa heshima na malipo kamili. Hata wapiga picha wengi hawawezi kuongoza, wala waandishi wengi. Lakini mpiga picha akitamka kwamba anataka kuongoza, hakuna anayeshangaa. Uzeyman mwenyewe ni mwigizaji aliyecheza katika Tey ya Alain Gomis, filamu iliyoshinda FESPACO mwaka 2013. Akaongoza Dreamstates kwa kamera ya simu, na katika Neptune Frost akashika kamera huku akiongoza. Alipotoka kwenye uigizaji kwenda kwenye kamera na kiti, watu waliona ni kukua. Akitoka mtu kwenye cherehani, wanaona ni kuvuka mpaka.

Tofauti hiyo haina msingi wa kitaaluma. Chanzo chake ni dharau ya muda mrefu kwa kazi ya sindano, kazi inayohesabiwa ya wanawake na ya mafundi wa barazani, ambayo watu huitegemea kila siku na hawaitaji. Dharau hiyo inaingia mpaka kwenye bajeti. Katika filamu nyingi ndogo za Afrika Mashariki, Dar es Salaam, Kampala au Kigali, mwigizaji huambiwa aje na nguo zake. Mtu tajiri wa filamu anaishia kuvaa suti ya harusi ya mwigizaji, na maskini anavaa fulana safi iliyopigwa pasi. Watazamaji hawadanganyiki. Wanasema picha haina uhalisia na kumlaumu mwigizaji au mwandishi, kumbe hapakuwa na mtu wa maleba kabisa.

Hoja ya fedha ni nzito zaidi, na haifai kupuuzwa. Kivu Ruhorahoza, katika Matière grise ya 2011, alimweka mhusika wake mkuu katika shida ileile: kijana wa Kigali anayehangaika kupata fedha za filamu yake ya kwanza. Miaka imepita na tatizo lipo. Mtayarishaji mwenye fedha za siku kumi za upigaji ataona mshahara wa mbunifu wa maleba kama kitu cha kukata. Hesabu, hata hivyo, inaweza kusomwa upande mwingine. Mbunifu anayekaa na mswada wiki tatu kabla ya upigaji huona matukio yanayogongana, siku za hadithi zisizowezekana, wahusika wawili wanaofanya kazi moja. Hayo yakionekana mezani yanasahihishwa kwa kalamu. Yakionekana kwenye seti, yanakula siku nzima ya kamera, chakula na usafiri.

Vyuo navyo vina deni. Kwetu Film Institute, kilichoanzishwa na Kabera, na IPRC Kigali vinaweza kuweka somo la maleba katika mwaka wa kwanza kwa kila mwanafunzi anayetaka kuongoza, si kwa wasichana wachache waliojitolea. Kila mmoja auchambue mswada kwa siku za hadithi, achakaze shati moja kwa mikono yake, amvalishe mwigizaji na kumsikiliza. Upande wa pili, mafundi vijana wanaoshona Kimironko waalikwe darasani, kwa sababu wengi wao tayari wanajua kukata kitambaa kuliko watakavyojua wanafunzi wa filamu baada ya miaka mitatu. Wakipewa mswada mkononi, baadhi yao watataka kujua tukio linalofuata, na hao ndio wa kuwashika.

Kwa vijana hao, uzuri wa mfano wa Mizero ni kwamba hakungoja cheo kipatikane ndipo afikiri. Alibuni mavazi na mandhari kwa pamoja, yaani mwili na nyumba anamokaa mwili huo. Baloji aliamua kwamba atakayeandika, atakayevalisha na atakayesema "kata" awe mtu mmoja. Katika sinema yenye fedha nyingi, mgawanyo wa kazi hufanya jambo hilo kuwa gumu. Katika sinema ndogo ya Kigali, ambako mtu mmoja hushika kazi tatu kwa lazima, ni rahisi, mradi mwenye kufanya hivyo atambuliwe na alipwe kwa kazi zote tatu.

Hatua moja haihitaji sheria wala mfuko wa serikali. Tamasha la Mashariki, linaloandaliwa Kigali, linaweza kutangaza kwamba filamu yoyote ya Rwanda inayoomba kuonyeshwa itaje jina la aliyebuni maleba katika fomu ya maombi na katika kitabu cha ratiba, sambamba na mwongozaji, mpiga picha na mhariri. Linaweza pia kutenga nafasi ya filamu fupi kwa waongozaji wanaotoka idara ya maleba, na kuwapa fedha kidogo za kuanzia pamoja na mtayarishaji mzoefu wa kuwasimamia. Tuzo za AMAA za Afrika zina kipengele cha mavazi. Mashariki inaweza kuwa nacho pia, na mshindi akapewa siku mbili za kamera na taa badala ya kikombe. Waandaaji wanayo majina. Yamo kwenye orodha za mwisho za filamu walizokwisha kuonyesha, na barua za mwaliko zinaweza kuandikwa kabla ya tamasha lijalo.